UJI WA ASUBUHI: TUSIJE MADRASA NA NJAA

Bismillahir Rahmanir Rahim.

 

Kila mwaka katika jarida letu hili walimu huandika juu ya adabu za mwanafunzi: kuwahi darasani, kumheshimu mwalimu, kutunza msahafu. Hayo yote ni ya haki na yameandikwa vizuri na wenzetu. Sisi safari hii tumechagua kuandika juu ya uji. Msicheke kwanza, someni mpaka mwisho.

Jumamosi moja ya mwezi wa saba, katika ile baridi ya Sigino mnayoijua, tulikuwa tunasikiliza Juzuu Amma. Kijana mmoja alikuwa anasinzia. Tulimkemea mara moja, tukamkemea mara ya pili, na mara ya tatu tukamsimamisha ukutani mbele ya wenzake. Alisimama kidogo, kisha akateremka mwenyewe mpaka chini, midomo mikavu, macho hayaoni vizuri. Tulipomchukua pembeni na kumpa chai tukamuuliza, kumbe hakuwa ametia kitu tumboni tangu mchana wa jana yake. Tukauliza kama nyumbani hakuna chakula. Akasema kipo. Unga wa ulezi upo, maziwa yapo, ndizi zipo. Mama yake alikuwa ameondoka mapema kwenda sokoni Babati, na dada yake yuko bweni. “Hakuna wa kupika, ustadhi.”

Tulimwomba radhi, na hapa tunamwomba tena. Lakini jibu lake halijatutoka kichwani. Mtoto wa miaka 12, anayehifadhi sura ndefu kwa ulimi mwepesi, alilala na njaa na kuamka na njaa huku unga uko jikoni, kwa sababu hakuna aliyewahi kumwonyesha namna ya kuukoroga. Juma lililofuata tuliwauliza darasa zima nani amekunywa kitu asubuhi. Mikono mingi haikunyanyuka, na iliyonyanyuka mingi ilikuwa ya chai ya rangi na andazi la jana.

Basi rai yetu ni hii: kila mwanafunzi wa madrasa yetu aliyefika umri wa kuwasha jiko bila hatari, mvulana na msichana, ajue kujipikia uji wake wa asubuhi, mtamu na wa haraka, kama anavyojua kutawadha. Shule nyingi za serikali siku hizi zina uji unaochangiwa na wazazi, hasa tangu ulipotoka mwongozo wa kitaifa wa chakula shuleni mwaka 2021. Jumamosi na Jumapili, siku ambazo madrasa inawachukua watoto tangu asubuhi, uji huo haupo.

Tunajua wavulana watasema nini. Watasema jikoni ni kwa akina mama. Ndugu zetu, katika Sahih ya Imamu Bukhari imepokewa kwamba Bi Aisha (R.A.) aliulizwa Mtume (S.A.W.) alikuwa akifanya nini nyumbani kwake, naye akaeleza kuwa alikuwa katika kuwahudumia watu wa nyumba yake, na wakati wa swala ukifika hutoka kwenda kuswali. Sasa wewe wa darasa la tano ni nani hata sufuria likuvunjie heshima?

Na uji wenyewe una nafasi yake katika dini yetu. Wapo kati yenu waliosoma habari za talbina. Ni uji mwepesi wa shayiri, hupikwa kwa unga wake au pumba zake, na mara nyingi hutiwa maziwa na asali. Jina lake wanazuoni wamelihusisha na laban, yaani maziwa, kwa weupe na wepesi wake. Imepokewa na Bukhari na Muslim kwamba katika nyumba ya Bi Aisha (R.A.) akifa mtu wa jamaa zao, wanawake wakishatawanyika na kubaki wa karibu tu, aliamuru chungu cha talbina kipikwe, wale nayo, kwa kuwa alimsikia Mtume (S.A.W.) akieleza kuwa inautuliza moyo wa mgonjwa na kuondoa sehemu ya huzuni. Tazama hekima ya jambo hilo. Mfiwa hawezi kutafuna nyama wala ugali, lakini uji hupita. Mtoto aliyeamka na baridi naye ni hivyo hivyo.

Hapa tuingize neno dogo, kwa sababu linachanganya watu. Shayiri ya hadithi siyo oti. Sisi Waswahili tumezoea kuziita zote mbili shayiri, lakini ni nafaka mbili tofauti. Ile iliyomo katika makopo ya Quaker, jina la biashara lililosajiliwa Marekani mwaka 1877, ni oti. Hupikika upesi kwa sababu kiwandani imekwisha kupigwa mvuke na kubanwa bapa kwa magurudumu, ndiyo maana ukiitia katika maji ya moto haimalizi dakika tano. Ni chakula kizuri. Na shayiri yenyewe inalimwa huku huku kaskazini kwetu, pande za Karatu, Monduli na Kilimanjaro Magharibi, lakini nyingi huishia katika viwanda vya bia. Hata ulezi wetu, nyumba ngapi unasagwa kwa ajili ya uji, na ngapi unawekwa kimea kwa ajili ya pombe? Inasikitisha kwamba nafaka ya kumtuliza mfiwa inamlevya mzima. Tuyaache hayo, turudi jikoni.

Aliye na oti nyumbani afanye hivi. Achemshe kikombe kimoja na nusu cha maji, au nusu maji nusu maziwa, pamoja na chumvi kidogo sana. Yakichemka atie vijiko vinne vya kulia vya oti, akoroge kwa moto mdogo dakika tano. Aepue. Aponde ndizi moja iliyoiva sana, ile yenye madoa meusi ambayo wadogo zenu wanaikataa, aichanganye humo, anyunyize mdalasini au iliki iliyotwangwa. Basi. Kama zimebaki tende za Ramadhani, zikatwe tatu zitiwe tangu maji yakiwa baridi, zitayeyuka na uji utakuwa na rangi ya asali.

Lakini kopo moja la oti kwa bei ya dukani linanunua kilo kadhaa za ulezi, na wengi wetu si watu wa makopo. Kwa hiyo ulezi ndio uji wa Sigino, na wala si wa kuonewa haya. Gramu 100 za ulezi zina zaidi ya miligramu 300 za kalsiamu, ile chokaa ijengayo mifupa na meno, kiasi ambacho ni zaidi ya mara mbili ya kile kilichomo katika gramu 100 za maziwa. Chukua vijiko vitatu vya kulia vya unga, uvuruge katika nusu kikombe cha maji ya baridi mpaka pasiwe na donge. Hapo ndipo wengi mnapokosea, mnamwaga unga mkavu katika maji yanayochemka, unatoka na vidonge kisha mnasema uji umekataa. Chemsha vikombe viwili vya maji, mimina mchanganyiko wako huku unakoroga bila kuacha, uache uchemke dakika kumi kwa moto wa wastani. Maziwa yaliyokwisha kuchemshwa tia mwishoni. Ndizi iliyopondwa ni mwishoni pia. Mwenye kupenda uchachu atie ndimu, ila ukitia ndimu usitie maziwa, yatakatika.

Na kwa yule atakayesema asubuhi hana muda wa kuwasha mkaa, ipo njia ya chupa ya chai. Pikeni uji usiku baada ya Isha, moto ukiwa bado upo jikoni. Suuzeni chupa kwa maji yanayochemka, mimineni uji ungali unatokota, fungeni sana. Baada ya Alfajiri utaukuta bado wa moto. Usitie maziwa wala ndizi usiku, tia asubuhi katika kikombe. Tumeifanya njia hii sisi wenyewe Ramadhani iliyopita kwa ajili ya daku, na ilitufaa, isipokuwa siku moja tuliyosahau kuosha chupa, na harufu yake hatutaki kuisimulia.

Sasa tuseme juu ya sukari, maana hapa ndipo tunapotofautiana na watoto, na pengine na wazazi pia. Mwanzoni mwa mwaka 2024, mvua kubwa zilipovuruga uvunaji wa miwa na sukari ikaadimika nchini, bei ilipanda mpaka nyumba nyingi zikaiacha. Watoto wakaacha na uji. Maana yake nini? Maana yake walikuwa hawanywi uji, walikuwa wanakunywa sukari. Kijiko kimoja cha chai cha sukari ni kama gramu 4. Shirika la Afya Duniani lilitoa mwongozo mwaka 2015 kwamba sukari ya kuongeza isizidi asilimia 10 ya nguvu anayoipata mtu katika chakula chake cha siku, na kwamba kushuka chini ya asilimia 5 ni bora zaidi. Hiyo asilimia 5 kwa mtu mzima ni kama vijiko sita vya chai kwa siku nzima. Tumewaona wanafunzi wakitia vinne katika kikombe kimoja. Wala msidhani oti za pakiti ndogo, zile za madukani mjini zilizokwisha kutiwa ladha, zitawaokoa. Nyingi katika hizo zina gramu 10 hadi 12 za sukari kwa pakiti, someni nyuma. Utamu wa ndizi, wa tende na wa maziwa unatosha, ila ulimi unahitaji kama wiki mbili kuuzoea. Asali ni nzuri, nayo imetajwa katika Qur’an kuwa ni ponyo kwa watu, lakini mwenye mdogo wake asiyetimiza mwaka mmoja asimtilie asali kabisa. Inaweza kumletea ugonjwa mbaya wa kulegeza misuli, na madaktari wamelikataza hilo waziwazi.

Kuna jambo jingine zito kuliko sukari. Mwaka 2016 katika mikoa ya Dodoma na huu wetu wa Manyara, upande wa Kiteto, watu waliugua ghafla kwa kula mahindi yenye sumukuvu, na wapatao 20 wakafa. Sumu hiyo hutokana na ukungu unaoota katika nafaka na karanga zilizohifadhiwa zikiwa na unyevu, na haitoki kwa kupikwa. Tunalisema hili kwa sababu siku hizi kila duka linauza unga wa lishe uliochanganywa nafaka tano, sita, na karanga ndani yake, na mama anaona anamtendea mtoto wema. Punje moja mbovu katika mchanganyiko ule huwezi kuiona tena. Ulezi peke yake uliouchambua na kuukausha mwenyewe ni salama zaidi kuliko mfuko usioujua ulikotoka. Ukitaka karanga, nunua nzima, zichambue, zilizosinyaa au kuota ukungu zitupe mbali hata kuku wasizipate, kisha zikaange na kuzitwanga kidogo kidogo.

Wapo wazazi watakaosoma jarida hili wakasema madrasa imeacha kazi yake. Tunawajibu kwa heshima. Sisi tulimsimamisha ukutani mtoto mwenye njaa tukidhani ni mvivu. Hatukumfundisha kitu siku ile, si tajwidi wala adabu. Kama mzazi analazimika kuondoka kabla ya jua, na wengi wenu ni wakulima na wafanyabiashara, hatuwalaumu. Tunachoomba ni jioni moja tu: msimamisheni mwanao wa kiume kando ya jiko, mpeni mwiko, mwacheni aunguze sufuria la kwanza bila kumgombeza.

Sisi walimu tumekwisha kushauriana. Insha Allah Jumamosi ya kwanza ya muhula ujao patakuwa na majiko mawili uani, unga wa ulezi utatoka kwetu, na ndizi ataleta mwenye nazo. Wavulana wa darasa la tatu na la nne ndio watakaopika, wakubwa wao wakisimamia moto. Wasichana watakaa mkekani na vikombe vyao, na watakuwa wa kwanza kunywa na wa kwanza kusema kama uji una madonge. Yule kijana wetu wa Juzuu Amma ameomba apewe jiko la kulia, na tumemkubalia.

Wabillahi tawfiiq.