Kidonda hakina aibu: tupimwe, tusihukumiwe



Mmoja wetu ni motari. Aliota vidonda sehemu za siri, akaenda kituo cha afya. Hakuna aliyemuuliza homa ilianza lini. Aliambiwa mbele ya watu: "Wewe acha umalaya." Akauziwa sindano ya kaswende, akarudi nyumbani. Siku chache baadaye vipele vikatoka kwenye viganja na mgongo, na bibi yake naye akaanza kuumwa. Ilikuwa mpox.

Hatuandiki haya juu ya kumtukana muuguzi ambaye pengine hajaona mshahara tangu miezi. Yeye alifundishwa kwamba mpox ni ugonjwa wa watoto wa kijijini, wenye kula nyama ya pori, na vipele vinaanza usoni. Ndivyo ilivyokuwa kwa muda mrefu. Lakini Septemba 2023, kule Kamituga, Kivu ya Kusini, ugonjwa ulikuja na sura ingine: watu wazima, vijana kama sisi, vidonda sehemu za siri, ukipita katika tendo la ndoa. Wachimbaji wa dhahabu, wanawake wa kwenye baa, kisha familia zao. Nani angefikiria mpox? Mtu alifikiria kaswende, tetekuwanga, ao alinyamaza tu kwa haya.

Sasa sikieni hesabu. Katika miezi mitano ya kwanza, watu 241 walishukiwa Kamituga. Waliothibitishwa na labo ni 108. Wengi kati ya waliobaki hawakupimwa. Hawakupimwa, basi! Na katika wale 108, wanawake wa biashara ya ngono walikuwa kama 29 kwa mia. Hao wengine 71 kwa mia mtawaita nani? Matusi yale ya "malaya" hayakuponya mtu. Yalifundisha watu kujificha, na mwenye kujificha anaambukiza nyumba nzima. Hata wajawazito walipoteza mimba.

Tena virusi vyenyewe vilikuwa vimepoteza kipande kimoja cha jeni, na kipimo kilichotengenezwa kutambua aina ya Kongo kilikuwa kinatafuta kipande hicho hicho. Kwa hiyo kilikosa. Ilibidi wataalamu watumie vipimo vingine na wasome jeni nzima ndipo waelewe kwamba ni aina mpya, ile inayoitwa 1b. Mashine ilidanganyika pia, si muuguzi peke yake. Kwa hiyo anayeona jambo lisilofanana na kitabu asikemewe. Asikilizwe, sampuli yake ipande gari siku ile ile.

Wakubwa wanasemaka: ni ugonjwa mpya, tulishtuka. Bongo! Mgonjwa wa kwanza wa mpox duniani alionekana Basankusu, hapa kwetu, mwaka 1970. Miaka zaidi ya hamsini! Dunia ilitangaza dharura tarehe 14 Agosti 2024, chanjo za kwanza zikafika Kinshasa tarehe 5 Septemba, karibu mwaka mzima baada ya Kamituga.

Na msitudanganye kwamba tunangojea dawa ya maajabu. Tecovirimat ilijaribiwa Tunda na Kole, haikuharakisha vidonda kupona. Lakini wagonjwa wa majaribio yale, wenye dawa na wasio nayo, walikufa 1.7 kwa mia, wakati nchini ilikuwa 3.6 ao zaidi. Juu ya nini? Walilazwa, walikula, walioshwa vidonda, walitulizwa maumivu, waliangaliwa kila siku. Hiyo ndiyo dawa, na Leta inaweza kuilipa leo.

Tunadai:
Kila kidonda cha sehemu za siri kisuguliwe kijiti na kupimwa mpox, pamoja na kaswende na VVU, maana mtu anaweza kuwa nayo yote kwa mara moja.
Labo ziwe karibu na machimbo, na si mijini tu.
Wauguzi walipwe, wapewe glavu na mafunzo yenye picha za vidonda vya hapa kwetu.
Pazia kwenye chumba cha kupimia. Ndiyo, pazia! Metre mbili za kitambaa.

Na wewe kijana mwenye kidonda: usikimbilie farmasi. Usilale na mtu, usishirikiane taulo, nenda ukaonyeshe. Wakikutukana, rudi na sisi. Motari wetu alirudi na watatu wetu, na safari ile alipimwa.