Mzaliwa wa Kampala, skrini za Ujerumani na fundisho la Bugolobi

Katika filamu ya Captain America: Civil War ya mwaka 2016, watazamaji walimwona kwa muda mfupi mno: mlinzi mwenye kichwa kilichonyolewa, akimwamuru Black Widow apishe njia. Mhusika huyo hakupewa hata jina, bali alitambulishwa kwa cheo chake tu, mkuu wa usalama. Miaka miwili baadaye, katika Black Panther, alikuwa na jina, Ayo, na mwaka 2021 alirejea katika tamthilia ya The Falcon and the Winter Soldier.

Mwigizaji huyo ni Florence Kasumba, aliyezaliwa Kampala mwaka 1976 na kukulia Essen, Ujerumani. Ni miongoni mwa waigizaji ambao sura zao hujulikana kabla ya majina yao. Baada ya masomo ya sanaa za jukwaani huko Tilburg, Uholanzi, alitumikia michezo ya muziki kama Cats na The Lion King, na mwaka 2001 akaonekana katika filamu yake ya kwanza. Mwaka 2017 alikuwa seneta katika Wonder Woman na mchawi katika Emerald City. Mwaka 2018 alikuwa mpigania uhuru wa Afrika Kusini katika Deutschland 86, na mwaka uliofuata akampa sauti fisi Shenzi katika toleo jipya la filamu ya The Lion King.

Mwaka huo huo wa 2019 alianza kuigiza mpelelezi Anaïs Schmitz katika Tatort, tamthilia ya polisi inayorushwa na shirika la umma la ARD tangu mwaka 1970, na ambayo mamilioni ya Wajerumani huitazama Jumapili jioni. Alikuwa mwanamke wa kwanza mweusi kupewa nafasi ya mpelelezi mkuu katika tamthilia hiyo. Tangu filamu yake ya kwanza, ilikuwa imepita miaka 18.

Ni nini kilichombeba miaka yote hiyo? Kipaji, bila shaka, lakini kipaji peke yake hakilipi kodi ya nyumba. Palikuwapo majukwaa yanayoonyesha mchezo mmoja kwa miaka, na shirika la utangazaji linalogharimiwa na ada ya kila kaya. Taasisi hizo nazo zilichelewa kumfungulia mlango mkubwa, ila hazikumwacha bila kazi.

Tugeukie jiji alikozaliwa. Kampala ina Jumba la Taifa la Michezo ya Kuigiza tangu mwaka 1959, na televisheni ya taifa ilianza mwaka 1963. Bugolobi, mtaa ulio mashariki ya katikati ya jiji, ndiko shirika la umma, UBC, lilikokuwa na ardhi ya milingoti ya kurushia matangazo. Ardhi hiyo ilipouzwa mwaka 2011, mzozo wake ulifika mahakamani. Mjadala ulihusu zaidi bei na hati za kiwanja. Swali la msanii halikusikika sana: mali ya mtangazaji wa umma ikipungua, nani atagharimia tamthilia ya miaka kumi?

Wapo watakaosema kuwa Uganda si Ujerumani, na kwamba vituo binafsi sasa vinatengeneza tamthilia za nyumbani. Ni kweli, na Tume ya Mawasiliano imevitaka vituo vitenge asilimia 70 ya vipindi kwa kazi za ndani. Hata hivyo, kiwango hicho huhesabu saa za matangazo. Hakihesabu miaka ambayo mwigizaji anaweza kuishi kwa kazi yake. Sheria ya hakimiliki ya mwaka 2006 inatambua haki za waigizaji, na marekebisho ya mwaka 2022 yaliwaruhusu waliojiajiri kuweka akiba kwa hiari katika mfuko wa hifadhi ya jamii, NSSF. Kinachobaki ni mikataba inayotaja malipo ya marudio, na mtangazaji wa umma mwenye uwezo wa kuagiza kazi kila msimu.

Msichana wa Bugolobi anayetaka kuigiza leo huulizwa kwanza kama ana kipaji. Wenye vituo nao waulizwe kama watakuwa na kazi ya kumpa mwaka wa kwanza, wa kumi na wa kumi na nane.