Mumiani hana kaburi
Bibi yangu alipotuita ndani jua likizama, hakututisha kwa fisi wala chui. Alimtaja mumiani, mnyonya damu za watu. Neno hili lina asili ya Kiajemi, na hapo mwanzo lilikuwa jina la dawa, utomvu mweusi uliosifiwa kwa kuunga mifupa. Enzi za mkoloni, wakazi wa Nairobi na Kampala waliwashuku wazimamoto kuwa ndio mumiani: gari jekundu, kengele, wanaume wenye sare wakipita usiku. Mwanahistoria Luise White alizichambua simulizi hizo katika kitabu chake cha mwaka 2000, nami namshukuru kwa kutowadhihaki waliozisimulia, maana nguvu zao zilikuwa kweli zikinyonywa, kwa kodi na kazi za shuruti. Mkoloni akaondoka, wasimuliaji wakazikwa, hofu ikabaki. Mwaka 2017, kusini mwa Malawi, uvumi wa wanyonya damu uliwafanya watu wawaue wenzao, hata Umoja wa Mataifa ukawaondoa wafanyakazi wake katika wilaya mbili. Waliouawa hawakuwa wamenyonya hata tone la damu ya mtu.