Uso wa Mwenzio si Kichekesho

Sina ugomvi na nyimbo na vichekesho vya televisheni. Waingereza walivianza vizuri. Tangu Septemba 1955 jamaa nyingi ziliketi Jumapili usiku kutazama Sunday Night at the London Palladium, na mwaka 1957 vijana wakapata Six-Five Special, kipindi cha muziki wao wenyewe. Ugomvi wangu ni na kipindi kimoja tu.

Mwaka 1958 BBC ilianza kuonyesha The Black and White Minstrel Show. Wanaume wa Kizungu walijipaka weusi usoni, wakaacha weupe kuzunguka macho na midomo, wakaimba nyimbo za zamani. Desturi hiyo ilitoka majukwaa ya Marekani ya karne ya 19, ambako mtumwa mweusi aliigizwa kuwa mjinga mwenye furaha siku zote. Mwaka 1961 kipindi hicho kilipewa tuzo ya Golden Rose huko Montreux, Uswisi. Mwaka 1967 chama cha Campaign Against Racial Discrimination kiliiomba BBC ikikomeshe. Hakikukoma mpaka 1978.

Wako wasemao, "Nyimbo zilikuwa tamu, wala hakuna aliyekusudia ubaya." Nami nauliza: ikiwa sauti zilikuwa tamu, rangi ile ilikuwa ya nini? Tena wasanii weusi wa kweli walikuwako. Winifred Atwell, mpiga piano kutoka Trinidad, santuri yake iliongoza kwa mauzo Uingereza mwaka 1954, na mwaka 1956 alikuwa na kipindi chake mwenyewe cha televisheni. Watu walimpenda kwa kazi ya vidole vyake.

Mambo haya hayako mbali nasi. Katika michezo yetu ya kufunga muhula, tukikosa la kuchekesha, twaiga Kiswahili cha wenzetu waliotoka nchi jirani, au twamvika mmoja matambara tukamwita jina la kabila fulani. Mwenye kuigwa naye hucheka, maana akinuna ataambiwa hajui utani. Mzaha mzaha, hutumbuka usaha.

Kwa maoni yangu, mchekeshaji hodari hujicheka mwenyewe kwanza, au humcheka mkubwa aliyejivuna. Nanyi mliomaliza shule, mnaokuja kututazama na kukaa viti vya mbele, nawaombeni jambo moja: mchezo wa namna ile ukitokea, msiupigie makofi. Tutajifunza upesi.