Rula Kwanza, Darubini Baadaye

Nathubutu kusema, bila kumung'unya maneno, kwamba darubini nyingi za bei ndogo nilizopata kuzishika katika minada na maduka yetu, toka Kasulu hadi Kibondo, ni uongo uliopakwa rangi. Ninayoizungumzia hapa ni darubini ya macho mawili, ile ndogo inayokunjwa ikaingia mfukoni. Siyo ile ya maabara ya kutazamia vijidudu. Wala sisemi kwamba kitu kidogo cha bei ndogo ni kibaya. La hasha. Darubini ndogo ya kweli ni rafiki mkubwa wa mtu wa vilima hivi vya Buha. Ninachopinga ni namba zinazochapwa juu yake, na hasa tabia yetu ya kuziamini namba hizo bila kuzipima.

Kila darubini ina namba mbili zilizotenganishwa na alama ya kuzidisha, kwa mfano 8x25. Ya kwanza inaeleza kitu kinakuzwa mara ngapi. Ya pili ni upana wa lenzi ya mbele kwa milimita. Basi. Hakuna uchawi hapo, wala haihitaji shahada. Darubini ya 8x25 hukuza mara nane, na lenzi yake ya mbele ina upana wa milimita 25, yaani sentimita mbili na nusu. Sasa mtu akikuuzia darubini ndogo ya mfukoni iliyoandikwa 30x60, jiulize: lenzi ya milimita 60 ina upana wa sentimita sita, sawa na mdomo wa kikombe cha kahawa. Je, mdomo wa kikombe unaingia katika mfuko wa shati, tena miwili kwa pamoja?

Kijana mmoja mfuga nyuki aliniletea darubini ya namna hiyo nyumbani. "Shikamoo mwalimu," akasema, "nimepata mashine. Inakuza mara thelathini." Nikamwitikia, nikamwambia mjukuu wangu alete rula ya shule. Tukapima lenzi ya mbele: milimita 22. Kisha tukaenda kusimama mbali na ukuta wa matofali ya kuchoma. Nikamwambia atazame kwa jicho moja ndani ya darubini na jingine liwe wazi, ahesabu tofali moja lililokuzwa linafunika matofali mangapi ya kawaida. Akahesabu mara tatu. Hayakuzidi saba. Kijana yule ana cheti cha kidato cha nne, na kipimo cha milimita alifundishwa tangu shule ya msingi. Elimu ya kuitambua hila ile alikuwa nayo kichwani. Kilichokosekana ni mazoea ya kuitumia elimu hiyo nje ya chumba cha mtihani.

Hapo ndipo penye kidonda, ndugu msomaji. Tumelelewa kuipigia namba saluti. Shule ikitangaza ufaulu wa asilimia 98 tunapiga vigelegele, wala hatuulizi ni wangapi kati ya hao wanaoweza kumwandikia mama yao barua ikaeleweka. Mfanyabiashara anaujua udhaifu huo, ndiyo maana haandiki 7x22, ambayo ni kweli. Anaandika 30x60, kwa kuwa anajua hakuna mteja atakayekuja na rula. Debe tupu haliachi kuvuma.

Tena hata kama namba ile kubwa ingekuwa ya kweli, isingemfaa. Darubini inayokuza mara thelathini hukuza pia mtetemo wa mkono wako mara thelathini. Ukiishika bila kiegemeo, ndege atacheza mbele yako kama yumo katika gari la mizigo lililo kwenye barabara ya changarawe. Eneo unaloliona huwa jembamba, ukimpoteza ndege mara moja humpati tena. Na mwanga hupungua. Gawanya namba ya pili kwa ya kwanza, utapata upana wa mwali unaoingia jichoni: 25 kwa 8 ni milimita tatu na kidogo. Mboni ya jicho mchana wa jua ina upana wa milimita mbili au tatu hivi, kwa hiyo 8x25 inatosha kabisa kwa kazi za mchana. Jioni giza linapoanza, mboni hupanuka, na hapo darubini kubwa ya 8x42 huishinda ndogo kwa mbali, kwa kuwa lenzi yake hukusanya mwanga karibu mara tatu zaidi. Huo ndio ukweli wa darubini ndogo: ni chombo cha mchana. Anayekuambia vingine anataka fedha zako.

Wapo watakaosema: ya nini yote haya? Darubini ni mambo ya Wazungu na watalii. Hao nawajibu kwa mifano ya hapa hapa. Mfuga nyuki wa Kibondo mwenye mizinga iliyotundikwa juu ya miti ya miombo anaweza kusimama chini akaona kama nyuki wanaingia na kutoka, au mzinga ni mtupu, kabla hajahatarisha shingo yake kwa kupanda. Mkulima mwenye shamba la mahindi bondeni anaweza kujua kama kile kinachotikisa mabua ng'ambo ni nyani au ni ng'ombe wa jirani, na ugomvi wa bure ukaepukwa. Mwenye kulinda msitu wa kijiji anaona moshi, akatambua kama ni tanuri la mkaa au moto unaokimbia kwenye nyasi. Je, hao ni watalii?

Na kama ni habari ya Wazungu, basi tuikumbuke yote. Jane Goodall alifika Gombe, mkoani kwetu Kigoma, mwezi Julai 1960, akiwa na umri wa miaka 26. Hakuwa na shahada ya chuo kikuu. Alikuwa na darubini na daftari. Sokwe walimkimbia, akawa anapanda kilele na kuwatazama kwa mbali, siku baada ya siku. Novemba mwaka huo huo akamwona sokwe akichomeka kijiti katika kichuguu na kuvua mchwa. Wataalamu wakalazimika kufikiri upya juu ya binadamu kuwa ndiye pekee mtengenezaji wa zana. Lakini sehemu ya pili ya habari hii husimuliwa mara chache. Mwezi Mei 1975 watu wenye silaha walivuka ziwa kutoka Zaire wakawateka vijana wanne wa kigeni waliokuwa wakifanya utafiti pale. Wageni wakaondolewa. Kazi haikufa, kwa sababu Watanzania walioajiriwa pale waliendelea kuwafuata sokwe na kuandika waliyoyaona, kwa Kiswahili. Goodall alifariki Oktoba 2025, na kazi ile ingali ikiendelea. Kwa hiyo anayesema kutazama si jadi yetu hajui habari za mkoa wake mwenyewe.

Penye miti hapana wajenzi. Mabonde ya Malagarasi na Muyovozi, ambayo sehemu yake imo katika eneo hili la Kibondo na Kasulu, yalikuwa ya kwanza katika Tanzania kuandikishwa chini ya Mkataba wa Ramsar wa ardhi oevu, mwaka 2000. Eneo lililoandikishwa lina hekta zaidi ya milioni tatu. Humo anaishi korongo nyangumi, yule ndege mkubwa wa kijivu mwenye mdomo kama kiatu cha mbao, ambaye watu hukata tiketi za ndege kuja Afrika kumtafuta. Husimama kimya kwa muda mrefu katika mafunjo akimvizia kamongo. Ni walimu wangapi wa wilaya hizi wanaoweza kuwaeleza watoto kwamba wanaishi jirani na kiumbe huyo? Mtoto wetu anamjua pengwini wa kwenye kitabu, lakini korongo nyangumi hamjui. Mtu hawezi kukitetea asichopata kukiona. Maeneo haya yakiliwa na moto, majangili na mifugo bila utaratibu, atakayelia ni nani, kama waliokaa jirani nayo hawakujua kilichokuwamo?

Wengine watasema simu ina kamera na inakuza. Simu nyingi tulizo nazo zikifika mbali hukuza vitone vya picha tu. Ndege anakuwa doa kubwa badala ya doa dogo. Wengine watasema fedha hakuna. Nami nasema darubini ndogo ya kweli huweza kupatikana kwa bei iliyo chini ya simu ya kioo, na shule haihitaji arobaini. Moja itumikayo kwa zamu ni bora kuliko kumi zilizofungiwa katika kabati la ofisi zikisubiri mkaguzi.

Basi ukienda kununua, nenda na rula, na ufuate haya. Chagua kati ya 8x21 na 8x25. 10x25 ni ya mwenye mkono uliotulia. Pima lenzi ya mbele. Namba isipolingana na rula, rudisha. Epuka vioo vyekundu kama macho ya mlevi: rangi ile hurudisha nje sehemu ya mwanga, na unachokiona hugeuka rangi. Ishike mbali na uso, uielekeze kwenye anga jeupe, mbali na jua. Utaona vidoa viwili vya mwanga kwenye vioo vya nyuma. Vikiwa mviringo safi, prizimu za ndani ni nzuri. Vikiwa na pembe za kijivu, zimebaniwa. Kisha tazama ukingo wa paa la bati. Paa likiwa mawili, au kichwa kikianza kukuuma, mirija yake haiko sambamba. Usikubali kuambiwa kwamba utazoea. Uzuri wa mkakasi, ndani kipande cha mti.

Ukishaipata, ikunje au ikunjue mpaka miduara miwili iwe mmoja. Fumba jicho la kulia, zungusha gurudumu la katikati mpaka jicho la kushoto lione vizuri. Kisha fumba la kushoto, zungusha pete iliyo kwenye kioo cha kulia. Ukishapata alama yako ya pete, ikariri; baada ya hapo ni gurudumu tu. Mwenye miwani akunje mipira ya machoni. Ukimwona ndege, usimwondolee macho. Inua darubini ije machoni, siyo macho yaende kuitafuta darubini. Bana viwiko kifuani au egemea mti. Vumbi lipulizwe kwanza, lisifutwe kwa ncha ya kanga, maana vumbi letu jekundu lina mchanga na litachora kioo. Wakati wa masika usiifungie katika mkoba wenye unyevu, itaota ukungu ndani. Na jambo hili walimu walirudie mpaka watoto wachoke: usitazame jua kwa darubini, hata kwa kufumba na kufumbua. Itaunguza jicho, na jicho halina duka la vipuri.

Liko neno moja la adabu. Mkoa wetu ni wa mpakani na umepokea wakimbizi kwa miaka mingi, kwa hiyo mtu mwenye darubini hutiliwa shaka haraka. Usiielekeze kwenye kambi, vizuizi vya askari, wala ua wa jirani. Macho hayana pazia, lakini mwenye macho awe na haya. Na ndani ya pori la akiba usiingie bila kibali. Hata hivyo, hofu hiyo isiwe kisingizio cha kuwanyima watoto kutazama kilima cha kijiji chao wakiwa na mwalimu wao mchana kweupe.

Nimefundisha walimu kwa miaka mingi, na bado naamini kwamba mtoto aliyepima lenzi kwa rula yake mwenyewe, akagundua kwamba maandishi ya kiwandani yanasema uongo, amepata somo ambalo hakuna mtihani utakaompa. Atakapokuwa mtu mzima ataipima na mizani ya mnunuzi wa maharage, atasoma na hesabu za kijiji kabla ya kunyoosha mkono. Ndiyo maana nawasihi walimu wa Kasulu na Kibondo waanze na kile walicho nacho. Darubini inaweza kuchelewa kufika. Rula imo darasani leo.