KIPANDE NA KURA

Wazee wetu walivishwa kipande shingoni na mkoloni, wakakichukia. Leo kijana wa Shanzu analilia kitambulisho, kwa kuwa bila hicho, au pasipoti, Sheria ya Uchaguzi ya 2011 haimruhusu kujiandikisha kupiga kura. Je, sisi wapenda mageuzi tulitetee sharti hili au tulipinge?

Tuseme kweli. Ni sisi tuliopinga mlolongo wa 1988, na ni sisi tuliodai daftari safi. Baada ya uchaguzi wa 2007, Tume ya Kriegler ilisema kwamba huenda daftari lilikuwa na majina ya marehemu milioni 1.2. Kwa hiyo hatuwezi kudai kwamba kila ajaye kituoni apewe karatasi ya kura pasipo kujulikana ni nani.

Lakini mlango uilindao nyumba waweza pia kumfungia nje mwana wa nyumba. Kifungu cha 2A cha Katiba ya zamani kilifutwa Desemba 1991. Mwaka uliofuata, vijana waliokadiriwa kupita milioni 1 walikosa kura ya vyama vingi kwa kukosa vitambulisho. Wamakonde wa Kwale hawakutambuliwa kuwa raia hadi 2016, na Wapemba hadi 2023. Hapa Pwani, jina au rangi imemfanya kijana aulizwe hati za babu yake, ilhali jirani yake aliyekua naye mtaa mmoja haulizwi.

Kifungu cha 83 cha Katiba ya 2010 kinaagiza kwamba taratibu za uandikishaji zimrahisishie raia haki ya kura, wala zisimnyime. Basi msimamo wetu ni huu: kitambulisho kidumu, lakini Serikali iliyoweka sharti ibebe mzigo wake. Maswali yawe mamoja kwa wote. Muda wa kungoja uwe na mwisho. Anayenyimwa apewe sababu kwa maandishi, aweze kwenda mahakamani.

Nasi tusikae tukilalamika. Yusufu alifunga safari hadi Bethlehemu ili aandikwe, na Mariamu alikuwa pamoja naye. Makanisa na misikiti ya Kisauni iwaorodheshe vijana waliotimiza miaka 18 wasio na vitambulisho, na wazee wawasindikize hadi ofisini. Kijana asiende peke yake.