Bi harusi, kabla ya Kariakoo itazame T-Junction

Msimu wa harusi ukikaribia, boti za Dar hujaa mabibi harusi na mashangazi zao. Safari ni moja tu, Kariakoo: mashuka, mapazia, vyombo, na udi uliopigiwa bei mpaka muuzaji akachoka. Hatuna ugomvi na hayo, mashaallah. Ila tunaongeza kitu kimoja cha kutazama: T-Junction, filamu ya Amil Shivji iliyofungua tamasha la ZIFF hapa kwetu mwaka 2017.

Hamna cha kukutia haya mbele ya mama mkwe. Fatima, binti wa baba Mhindi na mama Mwafrika jijini Dar es Salaam, amefiwa na baba yake. Nyumba ina msiba lakini machozi hayamji, kwani hawakuwa karibu. Hospitalini anakutana na Maria, mgonjwa mwenye majeraha, anayemsimulia habari za wachuuzi wa njia panda moja, walivyopendana na yaliyowakuta. Fatima anarudi tena na tena kumsikiliza.

Hapo ndipo panapotugusa. Siri za chumbani hazitolewi, hilo dini imeshalisema. Lakini sitara tumeivuta mpaka imefunika visivyohitaji kufunikwa. Somo humfundisha mwari kujipamba, kujifukiza na adabu za mume; nani humwambia mama yake alimpendea nini baba yake? Mjane hukaa eda miezi 4 na siku 10, wageni hawakatiki, na wanawe hawamuulizi kuhusu marehemu isipokuwa mirathi. Kisha tunashangaa binti anaingia kwenye ndoa hajui watu wawili huzungumza nini taa zikizimwa na deni likiwa mlangoni.

Jina la Kariakoo lenyewe limetokana na Carrier Corps, wapagazi wa jeshi la Waingereza katika Vita Kuu ya Kwanza. Tunakanyagana Mtaa wa Kongo, jina tunalo, watu wake hatuwajui. Majumbani ni hivyo hivyo: picha ya harusi ya wazee ipo ukutani, na hakuna aliyewahi kuuliza siku ile nani alilia.

Filamu inakwenda taratibu, waliozoea tamthilia za Kituruki watalalamika. Vumilieni. Na itazameni na mama, si na mashoga peke yenu, tena kabla ya siku ya hina. Baada ya hapo hapatikani mtu wa kukaa kitako.